NYIMBO ZA KWANZA ZA MWAKA 1961: NANI ANAZIPANGA, NA KWA KIPIMO GANI?

Somo kwa wanafunzi wote, toka kilasi ya kwanza mpaka ya sita



Somo letu mara hii ni juu ya nyimbo za redio. Hapana kucheka. Mtu anayesikia redio asubuhi na jioni, na hajui namna wimbo unavyofika pale, ni sawa na mtu anayekula kila siku bila kujua shamba. Tutaangalia liste moja ya kweli, ya nchi ya Marekani, mwaka 1961. Nimechagua mwaka huo kwa sababu mbili. Ya kwanza, liste ilianza mwaka uleule, basi tunaweza kuona namna ilivyozaliwa. Ya pili, ni fupi: nyimbo saba tu zilifika mbele, na kila mmoja unaweza kuufuata mpaka kwenye mzizi wake. Sisi huku Congo tulikuwa katika mwaka wa pili wa Uhuru.

Mwishoni tutaona namna somo hili linavyogusa jambo moja la hapa shuleni.

I. LISTE HII NI YA NAMNA GANI?

Kule Marekani kuko gazeti la mambo ya muziki, jina lake Billboard. Lilianzishwa mwaka 1894 katika mji wa Cincinnati. Liste yake kubwa inaitwa Hot 100. Ilianza mwezi wa 8 mwaka 1958, na kila juma inapanga nyimbo 100 zinazopendwa kupita zingine, na miaka ile ilifanya hivyo kwa kuhesabu diski zilizouzwa na nyimbo zilizopigwa kwenye redio.

Miaka ile muziki wa vijana, rock and roll, ulikuwa umeingia kwa nguvu. Redio zingine hazikuutaka. Wenye redio hizo walipenda kupiga nyimbo mpya, lakini hawakupenda kuitwa redio ya rock and roll. Walifikiri juu ya watu wazima: mtu aliyetoka kazini na kuchoka, anayetaka sauti tulivu na maneno yanayosikika vizuri. Kwa redio za namna hiyo Billboard ilitoa liste ya pili, tarehe 17 mwezi wa 7 mwaka 1961. Iliitwa Easy Listening, ndiyo kusema muziki wa kusikiliza bila taabu. Jina lilibadilishwa mara kadhaa, na tangu 1979 inaitwa Adult Contemporary, ndiyo kusema muziki wa siku hizi kwa watu wazima. Mpaka leo iko.

Sasa mshike neno hili vizuri, sababu somo lote linasimama juu yake. Katika miaka ya kwanza, mpaka 1965, liste hii ya pili haikuwa na hesabu yake yenyewe. Watu wa gazeti walichukua liste kubwa, wakatoa nyimbo walizoona si za watu wazima, na zile zilizobaki wakazipanga kwa ufuatano uleule. Basi kama nyimbo tatu za mbele zimetolewa, ule wa nne unaitwa wa kwanza.

Tuchukue mfano wa palmaresi. Kama mtu angefuta majina ya wanafunzi watatu wa mbele kwa sababu isiyo ya masomo, mwanafunzi wa nne angetangazwa wa kwanza, na pointi zake zingekuwa zilezile. Hakuna uwongo katika pointi. Lakini mzazi anayesikia neno «wa kwanza» hajui kitu gani kilifanyika mbele ya kutangaza.

II. NYIMBO SABA

Hizi ndizo nyimbo zilizokuwa mbele ya liste hiyo, toka siku yake ya kwanza mpaka mwisho wa mwaka 1961:

1. The Boll Weevil Song, wa Brook Benton: kuanza tarehe 17 mwezi wa 7, majuma 3.
2. Together, wa Connie Francis: kuanza tarehe 7 mwezi wa 8, juma 1.
3. Wooden Heart, wa Joe Dowell: kuanza tarehe 14 mwezi wa 8, majuma 3.
4. Michael, wa The Highwaymen: kuanza tarehe 4 mwezi wa 9, majuma 5.
5. Mexico, wa Bob Moore: kuanza tarehe 9 mwezi wa 10, juma 1.
6. Sad Movies, wa Sue Thompson: kuanza tarehe 16 mwezi wa 10, juma 1.
7. Big Bad John, wa Jimmy Dean: kuanza tarehe 23 mwezi wa 10, majuma 10.

Jumla ni majuma 24. Nne kati ya hizi tutazipitia upesi.

Together haukuwa wimbo mpya. Ulitungwa mwaka 1928, na Connie Francis aliuimba tena miaka 33 baadaye. Watu wazima waliujua tangu ujana wao. Si ajabu redio zao ziliupenda.

Wooden Heart unatoka Ujeremani, katika wimbo wa zamani wa kijana anayeaga mji wake. Elvis Presley aliuimba katika filme G.I. Blues ya mwaka 1960. Uingereza diski yake ilifika mbele mwaka 1961, lakini Marekani wakati ule haikutolewa kama diski ndogo. Joe Dowell alipata nafasi hiyo, akaurekodi, akawa wa kwanza. Muone: mara zingine mtu anakuwa wa kwanza sababu mwenzake hakuingia katika mashindano.

Mexico hauna maneno hata moja. Ni vyombo tu, tarumbeta mbele. Bob Moore alikuwa mpiga besi wa mji wa Nashville, mtu aliyezoea kukaa nyuma ya waimbaji wengine. Sad Movies unatoka Nashville vilevile. Ulitungwa na John D. Loudermilk, na ni habari ya msichana anayemwona mchumba wake na rafiki yake mwenyewe kwenye sinema.

Zimebaki tatu. Hizi ni nyimbo za kazi: moja ya shamba, moja ya mtumbwi, moja ya mgodi. Juu ya hizi tutakaa kidogo.

III. SHAMBA, MTUMBWI NA MGODI

a) Shamba. The Boll Weevil Song ni habari ya mdudu mdogo anayekula pamba. Mdudu huyo aliingia Marekani toka Mexico karibu na mwaka 1892, akaanza na Texas, na katika miaka 30 hivi alikuwa amepita karibu nchi yote ya pamba. Wakulima wengi walipoteza kila kitu, na wa kwanza kuumia walikuwa Weusi waliolima mashamba ya wengine na kugawana mavuno na mwenye shamba. Wao ndio waliotunga nyimbo juu ya mdudu huyo, wakimfanya azungumze na mkulima kama mtu na mtu. Mkulima anamfukuza, mdudu anajibu bila woga kwamba na yeye anatafuta tu pahali pa kukaa. Ni wimbo wa kucheka, lakini ni kicheko cha mtu mwenye njaa. Wazee wa Maniema na Sankuru waliolimishwa pamba ya lazima wakati wa Wabelgiji wangeelewa bila mkalimani.

Kuko mji mmoja katika Alabama, unaitwa Enterprise, ambako mwaka 1919 watu walimsimamishia mdudu huyo sanamu ya kumshukuru! Sababu gani? Alipomaliza pamba yao, walilazimishwa kulima karanga, na karanga ziliwaletea faida kupita pamba.

Brook Benton alikuwa Mmarekani mweusi, mzaliwa wa South Carolina, nchi ya pamba. Yeye na mwenzake Clyde Otis waliutengeneza upya wimbo huu wa zamani, na Benton anausema nusu, anauimba nusu. Katika liste kubwa alifika namba 2. Katika liste ya watu wazima alikuwa wa kwanza wa wa kwanza wote, siku ileile liste ilipozaliwa.

b) Mtumbwi. Michael ni wimbo wa kiroho wa watumwa. Mwezi wa 11 mwaka 1861, wakati wa vita vya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe, manowari za Kaskazini zilifika Port Royal, katika South Carolina. Wenye mashamba wa kisiwa cha St. Helena walikimbia, wakaacha nyuma maelfu ya watumwa wao. Walimu na wasaidizi wakaja toka Kaskazini. Hao waliwasikia Weusi wakiimba walipopiga kasia kati ya visiwa, mmoja akitoa neno, wengine wakijibu pamoja na kuvuta kasia. Namna hiyo sisi tunaijua: wavuvi wa Tanganyika na wasafiri wa Lualaba wanafanya vilevile, na kwaya yetu pia. Katika wimbo, malaika Mikaeli ndiye mwenye kuongoza chombo, na ngambo inayotafutwa ni ya Yordani. Kwa mtumwa, ngambo ile ilikuwa mbingu, na ilikuwa uhuru pia.

Charles Ware, mmoja wa hao waliotoka Kaskazini, aliuandika. Mwaka 1867 uliingia katika kitabu cha nyimbo za watumwa alichotoa pamoja na William Allen na Lucy McKim Garrison. Kisha ulilala katika kitabu. Mwaka 1954 mwimbaji Tony Saletan aliuona humo, akawafundisha wengine.

Sasa hao The Highwaymen walikuwa nani? Wanafunzi! Vijana watano wa chuo kikuu cha Wesleyan, katika mji wa Middletown, chuo kilichoanzishwa na Wamethodisti. Waliurekodi mwaka 1960, na mwezi wa 9 mwaka 1961 ulikuwa wa kwanza katika liste zote mbili. Hawakuacha masomo juu ya sifa hiyo. Mmoja wao, Stephen Trott, alikuwa baadaye hakimu wa korti kubwa ya rufani ya Marekani. Wale wanaoniuliza kila siku kama muziki na masomo vinaweza kukaa pamoja, wamepata jibu.

Lakini tusisahau jambo hili. Majina ya vijana watano tunayajua. Majina ya wapiga kasia wa St. Helena, waliotunga wimbo, hakuna mtu aliyeyaandika kando ya wimbo wao. Miaka 100 ilipita, toka 1861 mpaka 1961, wimbo ukafika mbele, na wenye wimbo hawakutajwa.

c) Mgodi. Big Bad John ni habari ya mtu mkubwa, mwenye nguvu, asiyesema mengi, aliyekuja kufanya kazi mgodini. Siku moja mbao za mgodi zinavunjika. John anashika juu kwa mabega yake, wenzake wanatoka, na yeye anabaki chini. Jimmy Dean, mtu wa Texas, alitunga wimbo huu, na hauimbi sana: anausimulia. Walipourekodi katika Nashville, Floyd Cramer, aliyeitwa kupiga piano, aliona piano haifai; akachukua nyundo akapiga kipande cha chuma, na sauti ile inakufanya usikie kazi ya mgodini. Wengi wetu wana baba ao babu waliofanya kazi katika migodi ya Katanga. Hatuna lazima ya kuelezwa juu ya nini wimbo huu ulikaa mbele majuma 10, kupita zingine zote.

IV. HESABU KIDOGO

Hapa naomba wale wa kilasi za chini wachukue kalamu. Tulinganishe liste mbili kwa majuma yale 24.

Katika liste kubwa, wakati uleule, waliokuwa mbele ni hawa: Bobby Lewis na Tossin' and Turnin', majuma 6 (na juma 1 lingine mbele ya hapo), Joe Dowell, juma 1, The Highwaymen, majuma 2, Bobby Vee na Take Good Care of My Baby, majuma 3, Ray Charles na Hit the Road Jack, majuma 2, Dion na Runaround Sue, majuma 2, Jimmy Dean, majuma 5, The Marvelettes na Please Mr. Postman, juma 1. The Tokens na The Lion Sleeps Tonight, majuma 2. Jumlisheni: 24.

Liste mbili zilikubaliana mara ngapi? Dowell 1, Highwaymen 2, Dean 5: majuma 8. Basi majuma 16 kati ya 24, mbili juu ya tatu, wa kwanza wa liste moja hakuwa wa kwanza wa liste nyingine. Tossin' and Turnin', wimbo ambao Billboard yenyewe iliuweka mbele ya nyimbo zote za mwaka 1961, haukufika hata siku moja mbele ya liste ya watu wazima. Na Big Bad John, uliokuwa mbele majuma 5 katika liste kubwa, ulipata 10 katika ile ya pili. Haukuongezewa nguvu. Waliosimama mbele yake walitolewa njiani.

Angalieni tena. Bobby Lewis, Ray Charles, The Marvelettes: wote ni Weusi, wote walikuwa wa kwanza katika liste kubwa majuma hayo. Katika wale saba wa liste ya watu wazima, mweusi ni Brook Benton peke yake. Sisemi kwamba watu wa gazeti walikaa wakasema «tuwafute Weusi». Hata Dion na Bobby Vee, Wazungu, hawakufika mbele katika liste ile. Walitoa mtindo fulani wa muziki. Lakini mtindo ule uliota katika muziki wa Weusi, na anayekata mti anakata na matawi yake. Wakati huohuo, wimbo wa kazi wa Weusi uliimbwa na vijana Wazungu kwa sauti ya upole, na mlango ulifunguliwa.

Na The Lion Sleeps Tonight? Huo ni wa Afrika kabisa. Mwenye kuutunga ni Solomon Linda, Mzulu, aliyeurekodi katika Johannesburg mwaka 1939 kwa jina la Mbube, ndiyo kusema simba. Kule Marekani waliutia maneno ya Kiingereza, nao ukafunga mwaka 1961 mbele ya liste kubwa. Solomon Linda alikufa mwaka 1962, maskini. Watoto wake walipata mapatano ya malipo mwaka 2006 tu, kisha kushitaki. Liste ilihesabu diski zilizouzwa. Haikuuliza wimbo ni wa nani.

V. SASA HAPA KWETU

Kila mtu anajua kwamba kuko liste ya nyimbo 10 kwenye mlango wa chumba cha kulala cha wavulana. Mchezo huo ni mzuri, na mimi mwenyewe ninausoma. Lakini kumekuwa neno kwamba nyimbo za sikukuu ya kufunga mwaka zitachaguliwa kwa kufuata liste ile, na wanaotaka kuimba nyimbo za kwao, za Kihemba, za Kiluba, za Kibembe, wameambiwa: «Zenu hazimo, basi hazipendwi.»

Ndugu zangu, hazimo sababu hakuna aliyeruhusu ziingie katika kuhesabu. Wanaopiga kura ni wavulana wanaolala ndani. Wasichana hawapigi, na wanaotoka nyumbani kila asubuhi hawapigi. Tena mbele ya kura, wenye liste wanatoa kwanza kila wimbo wanaouita «wa kijiji». Kisha wanahesabu vizuri, ninashuhudia, bila kuiba hata kura moja. Ni sawa na liste ya 1961: hesabu ni safi, lakini mlango ulikuwa mwembamba.

Mimi kama doyeni ninapendekeza mambo matatu kwa kamati ya sikukuu, na Bwana Prefe amekubali yasomwe katika buletini hii:

1. Kura ipigwe na wanafunzi wote, wasichana na wavulana, wa ndani na wa inje, kila mmoja karatasi moja.

2. Wimbo wowote unaoweza kuimbwa mbele ya wazazi wetu bila haya uingie katika kuhesabu. Asiweko mtu wa kutoa wimbo mbele ya kura kwa sababu ya luga yake ao umri wake.

3. Kando ya kila wimbo uandikwe umetoka wapi, na nani aliutunga. Kama ni wimbo wa nyanya yako, uandike jina la nyanya yako na kijiji chake. Kama hajulikani, uandike: wimbo wa wavuvi, wa pahali fulani. Jambo hili halitugharimu hata franka moja.

Kisha ya hapo, utakaokuwa wa kwanza, uwe wa Kinshasa, wa Marekani ao wa kijiji, tutauimba wote kwa nguvu, hata wale ambao wimbo wao umeanguka.

MASWALI YA KUJIBU KATIKA KILASI

1. Juu ya nini Billboard ilitoa liste ya pili mwaka 1961? Redio zilitaka kitu gani?
2. Liste mbili zilikubaliana majuma 8 juu ya 24. Hiyo ni mia kwa ngapi?
3. Big Bad John ulikuwa mbele majuma 5 huku, 10 kule. Eleza sababu kwa maneno yako mwenyewe.
4. Kati ya wapiga kasia wa St. Helena na Solomon Linda, hasara ya nani ingeweza kuzuiwa, na kwa njia gani?
5. Uliza mzee mmoja nyumbani wimbo wa kazi aliouimba ujanani: wa shamba, wa mtumbwi, wa mgodi ao wa kutwanga. Uandike jina lake na la aliyemfundisha. Mwalimu wa Kifaransa amesema atapokea majibu mazuri, na tutayapiga katika buletini itakayofuata.

Karatasi za kura zitagawanywa siku ya kwanza, kisha ya wimbo wa bendera. Kila chef wa kilasi aje kuzichukua kwangu.

Doyeni wa wanafunzi, kilasi ya sita